Aliwezaje Ian Holm kudumu miaka sitini bila kuwa stelingi?

Swali: Mimi ni mwigizaji wa tamthilia za televisheni hapa Dar es Salaam. Sijawahi kupewa nafasi ya mhusika mkuu. Leo ni baba mkwe, kesho mwenyekiti wa serikali ya mtaa, keshokutwa daktari wa kutoa majibu mabaya. Juzi nimetazama Alien: Romulus, nikavutiwa na yule roboti aliyebaki nusu mwili. Nikaambiwa sura ile ni ya Ian Holm, Mwingereza aliyefariki mwaka 2020. Nilipomtafuta nikakuta orodha ya kazi zake haina mwisho, na kwenye nyingi si yeye stelingi. Aliwezaje kudumu hivyo? Na sisi wa nafasi za pembeni tuna la kujifunza kwake, au hayo ni mambo ya Ulaya tu?

Jibu: Ndugu yangu, tuanze na huyo roboti ili tumalizane naye. Ile si kazi ya Ian Holm. Waandaaji walitengeneza kiwiliwili cha bandia chenye sura yake, wakaisaidia kwa kompyuta, mwigizaji mwingine akatoa uigizaji, na familia ya marehemu ikaridhia. Mimi sikuipenda, ingawa sina ugomvi na teknolojia. Tatizo langu ni kwamba yule roboti wa 2024 anamwaga kila anachokijua, ilhali Holm aliyeipa sura ile umaarufu mwaka 1979, katika Alien ya kwanza, aliipa kwa kunyamaza. Na hapo ndipo lilipo jibu langu lote. Huyu mzee aliigiza wafalme, madaktari, makuwadi, walimu wa riadha na mpishi wa katuni, na karibu kila mmoja wao alikuwa na jambo analolijua ambalo hakutaka mwenzake alijue. Mwigizaji anayeweza kukaa na siri mbele ya kamera hahitaji kuwa katikati ya picha. Macho ya mtazamaji yatamfuata mwenyewe, hata akiwekwa pembeni.

Kabla ya kuendelea, nikurekebishe kidogo. Si kweli kwamba hakuwahi kuwa mbele. Kwenye sinema ndiyo, mara nyingi alikuwa mtu wa pembeni. Jukwaani alikuwa mfalme, tena kwa maana halisi, kwani aliwahi kuwa Henry V, Richard III na King Lear.

Alizaliwa tarehe 12 Septemba 1931 huko Goodmayes, Essex, upande wa mashariki wa London, kwa wazazi Waskoti. Jina lake kamili ni Ian Holm Cuthbert, na hilo Holm alilochagua kulitumia kwenye kazi lilikuwa la ukoo wa mama yake. Baba yake alikuwa daktari wa magonjwa ya akili na msimamizi wa hospitali ya wagonjwa hao. Shikilia hilo, nitalirudia. Alisoma chuo cha uigizaji cha RADA, masomo yakakatizwa na utumishi wa jeshi wa lazima, na mwaka 1954 akaingia Stratford-upon-Avon, mji aliozaliwa Shakespeare, kama mshika mkuki. Mshika mkuki ni yule anayesimama nyuma ya mfalme usiku kucha bila kusema kitu. Wewe na mwenyekiti wako wa mtaa angalau mna mistari.

Alikuwa mfupi, mwenye uso wa kawaida, na sauti iliyoweza kuwa tamu au kukata kama wembe bila kupanda juu. Mwaka 1959 akapewa Puck, yule jini mtundu wa A Midsummer Night's Dream, na pia mchekeshaji wa mfalme katika King Lear, akisimama pembeni ya Charles Laughton aliyekuwa Lear. Halafu mwongozaji Peter Hall akaanzisha kampuni ya maigizo ya Royal Shakespeare Company, na hapa usipite haraka. Hall alifanya jambo ambalo halikuwa la kawaida Uingereza: aliwapa waigizaji mikataba ya miaka kadhaa badala ya mchezo mmoja mmoja. Holm alikuwa miongoni mwa waliokaa naye tangu mwanzo. Mtu mwenye mkataba wa namna hiyo anaigiza mhudumu Jumatatu na mfalme Alhamisi, analipwa kwa zote mbili, na hana haja ya kumpendeza mtu kwa sura. Katika mfululizo wa michezo ya kihistoria ya Shakespeare, mwaka 1963 na 1964, alikuwa Richard III, kisha Henry V. Uingereza ilikuwa imezoea Henry wa Laurence Olivier, shujaa anayeng'aa. Holm akaja na askari mdogo, mchovu, mwenye tope, anayeongoza vita huku akijua gharama yake.

Unaniuliza kama ni mambo ya Ulaya tu. Kwa sehemu hii, ndiyo, na sitakudanganya. Majumba ya maonyesho yaliyopewa ruzuku ya serikali, BBC yenye redio na televisheni, studio za filamu, vyote vikiwa ndani ya London au mwendo mfupi kutoka hapo, vilimwezesha mtu kurekodi redio mchana na kupanda jukwaani jioni. Hayo hatuna. Hakuna bidii ya mtu mmoja inayoweza kuziba pengo la namna hiyo, na anayekwambia ukijituma tu utafika hajui hesabu za kazi hii.

Ila kile alichokifanya ndani ya nafasi yenyewe, hicho kinabebeka.

Tazama Lenny. Mwaka 1965 mwandishi Harold Pinter alitoa The Homecoming, mchezo wa nyumba moja ya kaskazini mwa London iliyojaa wanaume tu: baba, ami na vijana. Mtoto mkubwa anarudi kutoka Marekani na mke wake, Ruth. Lenny ni mdogo mtu, kuwadi, ingawa hatuambiwi hivyo mapema. Usiku anamkuta shemeji yake sebuleni, hawajawahi kuonana, na anaanza kumsimulia visa vya kikatili kwa sauti ya mtu anayezungumzia hali ya hewa. Baadaye wanagombania bilauri ya maji. Bilauri tu. Lenny anataka kuiondoa, Ruth hataki, na kwenye ugomvi huo mdogo ndipo tunapojua nani ataitawala ile nyumba. Mwigizaji wa kawaida angemfanya Lenny jambazi kuanzia mlangoni. Holm alimfanya nadhifu, mwenye adabu, mtu wa kukuuliza unaendeleaje, na kwa sababu hiyo anatisha. Mchezo ulipovukia New York alipata tuzo ya Tony ya mwaka 1967, tuzo kubwa ya jukwaani Marekani, ya mwigizaji msaidizi. Filamu yake ilitengenezwa mwaka 1973, na Holm yumo, kwa hiyo bado unaweza kumwona.

Kisha likaja la 1976. Alikuwa na miaka arobaini na minne, zaidi ya miaka ishirini yuko jukwaani, na kampuni yake ikampa Hickey katika The Iceman Cometh ya Eugene O'Neill. Hickey ni mchuuzi anayezungumza bila kukoma, mwenye hotuba ndefu kuliko nyingi zilizowahi kuandikwa kwa ajili ya jukwaa. Katika maonyesho ya awali Holm akavunjika. Maneno yalimpotea, akatoka jukwaani, na hakuweza kurudi. Hofu ya jukwaani wote tunaijua, ile ya matumbo kuunguruma kabla ya kuingia. Hii ilikuwa kitu kingine kabisa, maana ilimwondoa kwenye kazi iliyomlea, na karibu kabisa hakupanda jukwaa tena hadi mwaka 1993.

Wengi husimulia tukio hili kama msiba katikati ya maisha mazuri. Siwezi kusema ugonjwa ulikuwa baraka. Yeye mwenyewe aliteseka nao. Lakini ukipanga kazi zake kwa miaka, unaona kwamba jukwaa lilipofungwa ndipo kamera ilipompata mzima mzima. Alikwisha kuigiza filamu kabla, na alipata BAFTA, tuzo ya filamu ya Uingereza, kwa The Bofors Gun ya mwaka 1968, lakini sinema ilikuwa kazi yake ya pili. Baada ya 1976 ikawa ndiyo kazi.

Na kamera ilimfaa kuliko alivyotarajia. Katika Alien ya Ridley Scott, mwaka 1979, yeye ni Ash, ofisa wa sayansi wa chombo cha anga cha mizigo. Ukiwa hujaitazama, nisamehe, nitatoboa siri: Ash ni roboti aliyepachikwa na kampuni ili kiumbe kile cha ajabu kifikishwe nyumbani hata kama wafanyakazi wote watakufa. Hakuna mwenzake anayejua. Sasa irudie filamu ukiwa unajua, umwangalie yeye tu. Anafungua mlango wa chombo kumwingiza mgonjwa kinyume cha kanuni, na anafanya kama mtu aliyezidiwa na huruma. Kuna sehemu anakimbia papo hapo alipo, kupasha mwili moto, mashine inayoiga mwili wenye baridi! Wanapokula pamoja, muda mfupi kabla kiumbe hakijapasua kifua cha Kane, yule mgonjwa, Ash anakaa mezani kama mgeni aliyekwisha kula kwingine na hataki wenyeji wajue. Wenzake wanacheka na kutafuna. Yeye anamtazama Kane. Hachezi uroboti hata kidogo, hakuna miondoko ya chuma wala sauti ya bati. Anacheza mtu mpole, msahihi kupita kiasi. Siri inapoanza kuvuja, inavuja kama tone moja jeupe la jasho linaloteremka kwenye paji la uso. Mwisho kichwa chake kilichokatika kinawaambia wenzake kwamba hawana nafasi ya kupona, kisha kinawapa pole. Tabasamu lile la mwisho liliwashinda waigizaji wenye dakika nyingi kuliko zake.

Miaka miwili baadaye akageuza ufundi uleule upande wa pili. Chariots of Fire, ya mwaka 1981, inahusu wakimbiaji wa Uingereza kwenye Olimpiki ya Paris ya 1924. Holm ni Sam Mussabini, kocha wa Harold Abrahams. Huyu Mussabini aliishi kweli. Alikuwa mtu wa London, asili yake mchanganyiko wa Waarabu na Wazungu, na kosa lake machoni pa wakubwa wa riadha lilikuwa kufundisha kwa malipo. Kocha wa kulipwa alidharauliwa. Kwa hiyo siku ya fainali ya mita 100 hayumo uwanjani. Yuko chumbani, dirishani, uwanja uko ng'ambo. Haoni mbio. Anasikia mlio wa bastola, makelele, kisha kimya. Halafu bendera inapanda mlingotini na wimbo wa taifa wa Uingereza unapigwa, ndipo anapojua. Anakaa kitandani, anaitoboa kofia yake ya ukili kwa ngumi, na kumwita kijana wake mwanangu.

Mimi huwaonyesha wanafunzi wangu kipande hicho bila kuwaambia lolote, kisha nawauliza nani alishinda mbio. Wote wanajua, na hakuna aliyeiona mbio pale. Kumbuka pia kuwa mhusika mkuu yuko uwanjani na medali yake, lakini furaha ya filamu amekabidhiwa mtu wa pembeni, chumbani, peke yake. Holm alipata BAFTA kwa nafasi hiyo, akapewa heshima ya mwigizaji msaidizi kwenye tamasha la filamu la Cannes, na akateuliwa kwa Oscar. Oscar ilikwenda kwa Mwingereza mwenzake, John Gielgud.

Kati ya hapo na miaka ya tisini ni mlima wa kazi, nitaupita mbio. Aliigiza Napoleon mara tatu, kwenye televisheni mwaka 1974, katika kichekesho cha Time Bandits mwaka 1981, na tena mwaka 2001 katika The Emperor's New Clothes. Kwenye televisheni aliigiza Himmler, na baadaye Goebbels, wakubwa wa utawala wa Hitler. Alikuwa Frodo, mhusika mkuu, katika mchezo wa redio wa BBC wa The Lord of the Rings, vipindi 26, mwaka 1981. Redio haiulizi kimo wala umri. Katika filamu za michezo ya Shakespeare alikuwa Polonius, alikuwa Fluellen. Nyingine ni za mkate tu, na hakuna aibu. Usidhani kila moja ilikuwa lulu.

Moja sitaipita. Katika The Madness of King George, ya mwaka 1994, yeye ni Willis, mganga anayeitwa kumtibu Mfalme George III aliyerukwa na akili. Mfalme amezoea watu kuinamisha macho. Willis anamkazia macho, na anaamuru afungwe kwenye kiti mpaka atulie. Mwigizaji mwingine angemfanya katili au mkombozi. Holm anamfanya mtu wa kazi, anayefanya jambo baya kwa utaratibu na kuamini linasaidia. Ukikumbuka kazi ya baba yake, unaelewa kwa nini hakuhitaji kubuni sana.

Jukwaani alirudi mwaka 1993, kwenye ukumbi mdogo wa Almeida, kwa Pinter tena, katika Moonlight. Mhusika wake ni mzee anayekufa, yuko kitandani muda wote. Sidhani kama alikuwepo mtu ambaye hakufikiria jambo lilelile: aliyeshindwa kusimama jukwaani amerudi akiwa amelala. Kama lilipangwa au la, lilimfaa. Miaka minne baadaye alisimama. Mwaka 1997, kwenye Cottesloe, ukumbi mdogo kuliko wote watatu wa National Theatre, Richard Eyre alimwongoza kama King Lear. Lear ndiye mlima ambao waigizaji wa Uingereza hupimwa nao uzeeni, na wengi huupanda kwa kupiga kelele. Holm alikuwa baba mdogo wa mwili, mwenye hasira za nyumbani, na katika tufani akavua nguo zote. Akapata tuzo ya Olivier, tuzo ya jukwaani ya Uingereza, na mwaka 1998 akapewa heshima ya kuitwa Sir.

Mwaka huohuo wa 1997 alionekana pia akiwa kasisi kwenye The Fifth Element, filamu ya makelele na magari yanayopaa, na akatoa kazi ambayo mimi naiweka juu ya zote, The Sweet Hereafter ya Mkanada Atom Egoyan. Hapa filamu nzima imewekwa mabegani mwake, naye ana miaka kama 65. Ni mwanasheria anayefika kwenye mji mdogo wenye theluji ambako basi la shule limezama na watoto wamekufa, anawashawishi wazazi wafungue kesi. Kinachofichwa ni kwamba na yeye ana mtoto anayempoteza: binti yake ni mraibu wa dawa za kulevya. Ndani ya ndege anamsimulia rafiki wa zamani wa binti huyo kisa cha utotoni. Mtoto aliumwa na buibui wenye sumu, akaanza kuvimba, hospitali iko mbali, mama anaendesha gari, na baba amempakata akimwimbia huku kisu kiko tayari, kwa maagizo ya daktari, amtoboe koo kama pumzi itaziba. Hakuhitaji kukitumia. Holm anaisimulia bila kulia. Sauti haipandi, uso karibu hausogei. Unabaki na baba ambaye, miaka yote hiyo, kile kisu hajakiweka chini.

Baada ya hapo dunia ikamjua kama Bilbo, katika filamu ya kwanza ya The Lord of the Rings ya mwaka 2001, na wengi waliomsikitikia alipofariki walimjua kwa jina hilo. Nafasi ni ya dakika chache. Angalia anavyoiacha ile pete ya uchawi: anasema ameiweka kwenye bahasha, kisha mkono unaikuta mfukoni mwake, na uso unabadilika kidogo tu, kama mtu aliyejishika akidanganya. Alirudi kwa filamu za The Hobbit, ya mwisho ikiwa ya 2014. Wakati huo alikuwa na ugonjwa wa Parkinson na hakuweza kusafiri hadi New Zealand, hivyo vipande vyake vilipigwa Uingereza. Parkinson ndio uliomwondoa tarehe 19 Juni 2020, akiwa na miaka 88.

Sasa mwenyekiti wako wa serikali ya mtaa. Ukipewa muswada, usianze na koti wala kofia. Jiulize mwenyekiti huyu anajua nini kuhusu kiwanja kinachogombaniwa ambacho hatakisema kwenye kikao, na anaogopa nani pale ndani akigundue. Muswada wa tamthilia zetu mara nyingi hautakwambia, kwa sababu uliandikwa usiku wa kuamkia kupiga picha. Jitungie mwenyewe, na usimwambie mwongozaji wala mwenzako unayecheza naye. Kisha sema mistari yako kama ilivyoandikwa. Na daktari wako wa majibu mabaya, mpe sababu ya kutaka kutoka chumbani haraka. Usiionyeshe, uwe nayo tu. Na ukiitwa redioni kwenda, hata kama malipo ni nauli.

Kuhusu utazame nini, anza na Chariots of Fire kwa ajili ya kile chumba. Kisha Alien mara mbili, mara ya pili ukimfuata Ash peke yake na kuwasahau wengine. The Sweet Hereafter iache ya mwisho, na kama una mtoto mdogo usiitazame usiku. King Lear ilirekodiwa kwa televisheni mwaka 1998 na kwa Kiingereza cha Shakespeare itakuchosha, lakini hata ukiwa huelewi nusu ya maneno, tazama Holm anachofanya mwishoni akiwa na mwili wa Cordelia, binti yake. The Fifth Element unaweza kuiruka, isipokuwa kama una watoto wakubwa na mvua inanyesha.